Je, Wimbo Unaweza Kuutawala Muda?

Jumamosi moja jioni, hapa Chato, tulikuwa tunamaliza darasa la kipaimara. Somo la siku hiyo lilikuwa Yoshua sura ya 6, kuanguka kwa kuta za Yeriko. Kijana mmoja akanyoosha mkono. Alisema amesoma hadithi ya kubuni juu ya mabingwa wa sayansi ya sauti. Mabingwa hao wakipiga noti fulani kwenye chombo chao, muda hupunguza mwendo. Wakipiga nyingine, hukimbia. Wakipiga ya tatu, siku iliyopita hurudi. "Sasa, mchungaji," akauliza, "kama baragumu ziliangusha ukuta, kwa nini tusiseme kwamba siku moja sayansi hiyo itapatikana?"

Wenzake walicheka, nasi tukatabasamu. Lakini nyuma ya kanisa alikuwako mama mmoja wa usharika, amekuja kufagia kwa ajili ya ibada ya kesho yake. Akausimamisha ufagio, akasema bila kumtazama mtu: "Ikipatikana mniite. Ninayo Jumatatu moja naitaka."

Kila mtu mle ndani aliijua Jumatatu hiyo. Mwanawe alikuwa mchimbaji mdogo. Asubuhi alishuka kwenye duara pamoja na wenzake, matimba yakaachia, udongo ukatitia. Jioni alitolewa akiwa amekwisha kufa. Darasa likanyamaza. Tukaomba, tukawaaga vijana, na mama akaendelea kufagia.

Tangu siku ile tumekuwa tukijaribu kuwajibu watu wawili, kijana na mama, kwa sababu swali lao ni moja ingawa mmoja aliuliza kwa udadisi na mwingine kwa uchungu. Je, sauti inaweza kuutawala muda? Na kama haiwezi, sisi tunaoimba kila Jumapili, na kukesha tukiimba kila penye msiba, tunafanya nini hasa?

Tuanze na kijana. Sauti ni mtikisiko unaosafiri, na hewani husafiri karibu mita 340 kwa sekunde. Ndiyo maana ukisimama ufukweni ukamtazama kwa mbali fundi wa mitumbwi akipigilia msumari, unaiona nyundo ikitua kwanza, na mlio unakufikia baadaye. Ndiyo maana pia ukiona umeme wa mvua, ukahesabu sekunde tatu kabla ya kusikia ngurumo, unajua kwamba umeme huo uko umbali wa kilometa moja hivi. Sauti yenyewe inahitaji muda ili ifike. Haiko juu ya muda. Imo ndani yake, kama samaki alivyo ndani ya ziwa. Nani atamtumia sato kuliamuru Ziwa Victoria?

Hata hivyo kijana wetu hakukosea kabisa. Mtikisiko na muda ni marafiki wa siku nyingi. Saa nyingi za mkononi zina ndani yake kijipande cha kwatsi, jiwe la jamii ileile ya mawe meupe ambamo wachimbaji wetu mara nyingi huikuta dhahabu. Kikipitishiwa umeme wa betri, kijipande hicho hutetemeka mara 32,768 kwa sekunde, na saa huihesabu mitetemo hiyo. Lakini kuhesabu si kutawala. Betri ikiisha, saa inasimama, na jua linaendelea na safari yake.

Wataalamu wa fizikia, tangu Albert Einstein alipoandika mwaka 1905 na 1915, wanatuambia kwamba muda haupiti kwa mwendo mmoja kila mahali. Kasi kubwa na nguvu ya mvutano huubadilisha kidogo sana, hata saa zilizo kwenye setilaiti zinazoongoza ramani za simu zetu hulazimika kusahihishwa. Basi ulimwengu wa Mungu una maajabu kuliko tunavyodhani. Lakini kinachofanya kazi hiyo ni kasi na mvutano, wala hakuna noti au mdundo unaoifanya, na hakuna saa iliyowahi kuirudisha jana. Jibu la kwanza kwa kijana ni hapana.

Jibu la pili linapatikana shambani. Usukumani, na katika sehemu zetu hizi ambako Wasukuma wanaishi pamoja na Wazinza, Wasumbwa, Wasubi na Wahaya, kulima kwa jembe la mkono kulikuwa kazi ya kundi na ya wimbo. Watu walijipanga mstari, ngoma ikapigwa, majembe yakapanda na kushuka kwa pamoja. Mpaka leo ngoma ya Bagobogobo huchezwa kwa majembe mkononi. Baada ya mavuno makundi ya Bagika na Bagalu, yanayofuata nyayo za manju wawili mahasimu wa zamani, Ngika na Gumha, hushindana kwa ngoma, na mashindano hayo huonekana kila mwaka katika sikukuu ya Bulabo huko Bujora, karibu na Mwanza. Mtafiti wa muziki kutoka Marekani, Frank Gunderson, mwaka 2010 alichapisha kitabu kizima juu ya nyimbo za kazi za Wasukuma, na ni kitabu kinene.

Muulize mzee aliyelima hivyo ujanani mwake kama wimbo ulizipunguza saa. Atakuambia jua lilitoka palepale na kuzama palepale, na ekari ilikuwa ekari. Lakini adhuhuri ilifika kabla mtu hajaukumbuka mgongo wake, na aliyekuwa dhaifu hakuachwa nyuma, kwa sababu mdundo ulimngoja. Muda haukuguswa. Walioguswa ni watu, nao wakaubeba muda uleule kwa pamoja badala ya kila mmoja kuubeba peke yake.

Hapo ndipo swali la sayansi linapogeuka kuwa swali la maadili. Kama wimbo unaweza kumfanya mtu asihisi saa zikipita, ni nani anayeushika wimbo huo, na kwa faida ya nani? Mdundo uleule unaowaunganisha majirani katika shamba la mjane unaweza kumsaidia tajiri kuwakamua vibarua wake hadi jua linapozama bila wao kugundua. Kwenye machimbo spika za baa hukesha. Kijana aliyeuza mawe yake ya wiki tatu huingia saa moja jioni. Akitoka ni asubuhi, na mfuko hauna kitu. Pombe ilifanya sehemu yake, na muziki ulimsaidia asihesabu. Sasa, kinyume chake, Zaburi ya 90 ni ombi la mtu anayetaka Mungu amfundishe hesabu ya siku zake ili apate hekima. Muziki wowote unaotusahaulisha hesabu hiyo, ili mwingine apate faida, ni mwizi, hata kama umepigwa kwa kinanda cha kanisani.

Miaka mingi kabla yetu, Mwafrika mmoja alilifikiria jambo hili kwa undani. Agostino alizaliwa mwaka 354 huko Tagaste, katika nchi ambayo leo ni Algeria, akawa askofu wa Hippo. Katika kitabu cha 11 cha Maungamo yake aliuliza muda ni kitu gani, na mfano alioutumia ni wimbo. Anasema jambo ambalo kila mwanakwaya analijua. Kabla hujaanza kuimba zaburi unayoifahamu, yote iko mbele yako kama tarajio. Ukianza, kila neno linavuka kutoka kwenye tarajio na kuingia kwenye kumbukumbu. Katikati ya wimbo wewe uko pande zote mbili: unakumbuka ulikotoka na unangojea unakokwenda. Kisha Agostino anasema ndivyo yalivyo maisha yote ya mtu, na ndivyo ilivyo historia yote ya wanadamu.

Tunalichukua fundisho hilo kwa furaha, sisi ambao jina letu la Kilutheri linatokana na mtawa wa shirika la Waagostino. Noti moja peke yake haina maana. Anayeisikia noti moja ya huzuni, akakatiwa hapo, atadhani wimbo wote ni kilio. Ni mtunzi tu anayeujua wimbo mzima. Lakini tuwe waangalifu na mfano huo. Mama aliyefiwa hajawahi kufarijiwa kwa kuambiwa kwamba mwanawe alikuwa noti katika wimbo mkubwa. Mwanawe alikuwa mtu, na Bwana Yesu pale kaburini kwa Lazaro hakutoa maelezo. Alilia kwanza.

Turudi sasa Yeriko, maana kijana alianzia huko. Tukisoma Yoshua 6 polepole tutaona jambo linalopita haraka machoni petu. Kwa siku sita watu waliuzunguka mji, makuhani wakipiga baragumu, na ukuta haukutikisika. Watu wenyewe waliamriwa kunyamaza, lisitoke neno vinywani mwao, mpaka siku ya saba. Kama nguvu ingekuwa katika sauti, ukuta ungeanguka siku ya kwanza. Sauti haikuzifupisha zile siku saba hata kwa saa moja. Israeli walifundishwa kungoja, na walipopiga kelele, kelele yao ilikuwa utii. Aliyeuangusha ukuta ni Mungu.

Ndivyo ilivyo pia gerezani Filipi, katika Matendo 16. Paulo na Sila waliimba usiku wa manane, nchi ikatikisika, milango ikafunguka. Wengi wetu tumehubiri kwamba sifa hufungua milango, na tukaishia hapo. Lakini milango ilipofunguka wale wawili hawakutoka. Walibaki, na kwa sababu walibaki, mlinzi wa gereza aliyekuwa tayari kujiua akapata kuishi, yeye na nyumba yake wakabatizwa. Kama wimbo ungekuwa ufunguo wao wa kutorokea, wangekuwa wamekwisha kwenda. Waliimba kwa sababu walikuwa na Bwana hata milango ilipokuwa imefungwa.

Na iko habari ya Hezekia. Yeye ndiye anayekaribia sana kile alichokitaka mama yetu. Katika 2 Wafalme 20 aliugua, akalia, akaomba, na Mungu akamwongezea miaka kumi na mitano. Kivuli kikarudi nyuma madaraja kumi. Hakuna chombo cha muziki hapo, ni machozi ya mtu na huruma ya Mungu. Lakini tusome mbele. Ndani ya muda ule wa nyongeza Hezekia aliwaonyesha wajumbe wa Babeli hazina zake zote kwa majivuno. Ndani ya muda uleule alizaliwa Manase, aliyeanza kutawala akiwa na umri wa miaka kumi na miwili na akamwaga damu nyingi isiyo na hatia. Kuongezewa muda ni zawadi, lakini si wokovu. Aliyeongezewa miaka anabaki na swali lilelile: ataitumiaje?

Tunaandika haya kwa sababu sayansi ya yule kijana si hadithi ya vitabu tu. Katika vijiji vyetu vya madini wako wanaoiuza. Hawaiiti sayansi. Hukodi uwanja, hufunga spika kubwa, hupiga kinanda usiku kucha, na hutangaza kwamba kwa sauti ya sifa na kwa sadaka maalumu miaka iliyopotea itarudishwa. Tunamjua mjane aliyeuza mbuzi wawili kwa ajili ya usiku kama huo. Andiko linalotumika ni Yoeli 2:25, ambapo Mungu anaahidi kuilipa ile miaka iliyoliwa na nzige. Lakini kulipa si kurudisha. Mkulima ambaye mahindi yake yaliliwa mwaka jana halipwi mwaka jana. Hupewa mavuno mapya. Na baragumu lipo katika sura hiyohiyo, tena mara mbili, katika mstari wa kwanza na wa kumi na tano. Kazi yake pale ni kuwaamsha watu na kuwakusanya watubu, wazee na wanyonyao, hata bwana arusi atoke chumbani mwake. Baraka inafuata baadaye, na sababu inayotajwa ni huruma ya Bwana kwa watu wake. Hakuna aliyeinunua kwa sauti wala kwa mbuzi.

Hapa ndipo imani yetu inapokuwa wazi. Kutaka kuutawala muda kwa sauti ni namna nyingine ya kutaka kujiokoa kwa matendo. Ni kusema: nikipiga noti iliyo sahihi, Mungu hana budi. Injili inasema Mungu amekwisha kuja kabla hatujafungua vinywa. Martin Luther aliuheshimu muziki kiasi cha kuuweka karibu kabisa na theolojia, na tangu mwaka 1524 vitabu vya nyimbo vilisaidia kuueneza ujumbe wa matengenezo ya Kanisa. Lakini kwake wimbo ni Neno linaloimbwa. Unatangaza zawadi iliyokwisha kutolewa.

Ndiyo sababu Pasaka tunaimba jinsi tunavyoimba. Wimbo wa "Mfurahini, Haleluya" uliandikwa mwaka 1966 na Bernard Kyamanywa, mchungaji wa Kilutheri wa hapa Tanzania, na leo unaimbwa hata Ujerumani, uliko mzizi wa kanisa letu. Tunapouimba, asubuhi ile ya kaburi tupu hairudi nyuma kwa ajili yetu. Aliyefufuka asubuhi ile yuko hai leo, kwa hiyo habari yake haizeeki. Vivyo hivyo katika Chakula cha Bwana. Hatuirudishi Alhamisi ile ya usiku. Bwana mwenyewe anakuja kwetu, katika Jumapili yetu ya sasa, pamoja na vumbi la barabara na madeni ya mbolea. Sisi hatuwezi kwenda kwenye siku iliyopita, lakini yeye aliyekuwako, aliyeko na atakayekuja anaweza kuja kwenye siku tuliyo nayo.

Basi tumjibu nini mama? Kabla ya kujibu inatupasa kukiri kosa letu. Alipofiwa, usharika ulikwenda. Kwaya iliimba usiku wa kwanza tangu saa mbili hadi majogoo, na usiku wa pili vilevile. Tulizika, tukaimba makaburini, tukarudi nyumbani. Tukaona tumetimiza wajibu. Wimbo wetu ulikwisha, lakini muda wake haukwisha. Zikaja Jumatatu nyingine, moja baada ya nyingine, na kila moja ilimkuta peke yake. Tulikuwa tumemsaidia kuvuka usiku mbili, kisha tukamwachia mamia ya siku. Wakulima wa zamani walituzidi hapo: hawakuuacha mstari wa jirani ukiwa katikati eti wimbo wao mzuri umekwisha.

Tulimwendea baada ya lile darasa, wazee wa kanisa wawili na sisi. Tulimwambia kwamba hatuna sayansi ya kumrudishia Jumatatu yake, na kwamba yeyote atakayemwambia anayo, asimpe hata shilingi. Tulimwambia tunaamini mwanawe yuko mikononi mwa Mungu ambaye kwake hakuna siku iliyopotea. Alisikiliza, akasema: "Hilo la mwisho nalijua, mchungaji. Ila jioni ni ndefu."

Hatukuwa na jibu la maneno. Kwaya ya akina mama ndiyo iliyolipata. Waliamua mazoezi yao ya Jumatatu jioni wasiyafanye tena kanisani, wayafanye uani kwake. Hubeba daftari zao na kitabu cha Tumwabudu Mungu Wetu, hukaa chini ya mwembe, hukosea sauti ya pili, huanza upya. Yeye bado haimbi. Huwatolea mabenchi, huwapa maji ya kunywa, na akisikia wamekosea hutikisa kichwa. Jua linazama wakati wake uleule, upande wa Biharamulo. Wao huimba mpaka giza liingie, kisha humsaidia kurudisha mabenchi ndani.

Ndugu msomaji, hatujui muziki wenye nguvu ya kuurudisha muda. Tumepewa muziki wa kukaa pamoja ndani yake mpaka Bwana atakapokuja. Kwa hiyo jiulize, wewe na kwaya yako na jumuiya yako: katika mtaa wenu ni nani ambaye jioni yake ni ndefu? Nendeni mkaimbie uani kwake, na wimbo ukiisha, msiondoke upesi.